Si joka lililoangusha Ukuta wa Game of Thrones

Uliza msee yeyote aliyeitazama Game of Thrones swali moja tu: nani aliangusha Ukuta? Atakujibu kabla hujamaliza kuuliza. Ni lile joka! Viserion, macho ya buluu, anatema moto wa buluu, barafu inakatika vipande na kuporomoka baharini pale Eastwatch, halafu jeshi la wafu linapita polepole kama mashabiki wanaotoka Kasarani baada ya timu yao kufungwa. Kilikuwa kipindi cha mwisho cha msimu wa saba, Agosti 27, 2017. Ukifungua simu kesho yake, hukukosa kukutana na joka hilo.

Mimi nakuambia joka lilikuja kumalizia tu kazi. Ukuta ule ulikuwa umeanza kuanguka kitambo sana, na walioanza kuuangusha hawakuwa wafu. Walikuwa watu wazima, wenye akili timamu, waliokaa kusini kwenye joto wakinywa mvinyo.

Tulia nikueleze. Na kama hujawahi kuitazama, pole, kwa sababu hapa namwaga stori yote hadi mwisho. Tamthilia iliisha 2019, kwa hivyo usinilaumu.

Dude lenyewe

Kwanza tuelewane ukubwa. Ukuta uko kaskazini mwa Westeros, bara ambalo halipo popote ila kichwani mwa mwandishi Mmarekani George R.R. Martin. Kitabu chake cha kwanza kilitoka 1996, na HBO wakaanza kutuonyesha stori hiyo 2011.

Kimo cha Ukuta ni futi 700, yaani kama mita 213. Jumba la KICC pale jijini lina mita 105. Chukua KICC, ipandishe juu ya KICC nyingine, na bado Ukuta utakuwa umezipita kidogo.

Urefu wake wa kutoka mwisho hadi mwisho ni maili 300, karibu kilomita 480. Reli ya SGR kutoka Mombasa hadi Nairobi ni kilomita 472. Sasa jiwazie umekaa dirishani, treni imeng'oa nanga Miritini, umepita Voi, umepita Mtito Andei, umepita Emali, hadi unashuka Syokimau, na muda huo wote upande mmoja huoni kitu kingine ila barafu inayopanda hadi mawinguni.

Juu yake ni pana kiasi kwamba askari kumi na wawili wenye deraya wanaweza kupita na farasi wao bega kwa bega. Walinzi humwaga kokoto njiani wasiteleze. Kupanda kuna ngazi za mbao zinazozunguka-zunguka, au unaingia kwenye kizimba unavutwa juu, lifti ya kizamani inayolia kila sentimita. Joto likiongezeka kidogo, maji huanza kutiririka usoni mwa barafu, nao walinzi husema Ukuta unalia.

Hadithi za Westeros zinasema ulijengwa miaka 8,000 iliyopita na mtu anayeitwa Brandon the Builder, akisaidiwa na majitu, na kwamba uchawi ulifungwa ndani ya msingi wake ili wafu wasiweze kupita. Kumbuka hiyo sehemu ya mwisho. Ukuta ulijengwa kwa sababu ya wafu. Tutairudia.

Tyrion Lannister, yule mfupi mwenye mdomo mkali, alisafiri kutoka nyumbani hadi huko kwa sababu moja kuu: alitaka kusimama juu na kukojoa kutoka ukingo wa dunia. Utalii ni utalii.

Ulitoka wapi

Martin hakuliota tu dude hili. Mwaka 1981 alitembelea Uingereza akapelekwa kwenye Ukuta wa Hadrian, si mbali na mpaka wa Scotland. Amesimulia mara nyingi alivyosimama pale juu, siku inaisha, baridi inauma, akitazama vilima vya kaskazini na kujaribu kuwaza jinsi alivyojisikia askari wa Roma aliyetumwa hapo kutoka mbali, asijue nini kitatokea ng'ambo.

Ukuta wa Hadrian ulianza kujengwa mwaka 122, enzi ya kaizari Hadrian mwenyewe. Una kilomita 117, kutoka pwani moja ya kisiwa hadi nyingine, na kimo chake kilikuwa mita chache tu. Martin akaurefusha mara nne, akaufanya wa barafu na kuupandisha hadi angani. Alipokuja kuona machimbo ya mawe ya Magheramorne, Ireland Kaskazini, ambako Castle Black ilijengwa kwa ajili ya kamera, alitazama jabali la futi 400 hivi na kukiri kwamba Ukuta wake aliufanya mrefu kupita kiasi. Jabali lenyewe lilimtosha kabisa, na bado futi 300 zilikosekana.

Kuna mambo mawili kuhusu ule ukuta halisi ambayo nataka uyabebe.

La kwanza: si Wazungu pekee walioganda pale. Karne ya tatu kulikuwa na kikosi cha Wamoor, watu wa Afrika Kaskazini, kwenye ngome iliyoitwa Aballava, mahali ambapo leo ni kijiji cha Burgh by Sands. Na kaizari Septimius Severus, ambaye aliukarabati ukuta huo, alizaliwa Leptis Magna, Libya ya leo, akafia York mwaka 211. Yaani Mwafrika alishawahi kulinda geti la mzungu kwenye baridi tangu enzi hizo. Usione wanaoenda leo ukadhani wao ndio wa kwanza.

La pili: ule ukuta ulikuwa na mageti. Mengi. Kila maili moja ya Kirumi palijengwa kingome chenye lango lake. Warumi hawakuwa wajinga. Walijua ng'ambo kuna watu wanaofuga, wanaouza, walio na mashemeji huku. Ukuta uliwasaidia kujua nani anaingia, nani anatoka na amebeba nini. Haukujengwa kujifanya kwamba ng'ambo hakuna watu.

Ukuta wa Martin ulisahau hilo. Ngome zilipohamwa, malango yake yalizibwa. Na hapo ndipo stori inakuwa noma.

Masoja

Ukuta wowote una soja. Wewe unajua. Kuna ule wa ploti zenu, wenye vipande vya chupa juu, na kuna mzee mmoja pale getini na rungu na kabuti. Mwizi akija saa nane usiku, chupa hazimpigii mtu kelele. Ni yule mzee. Ukuta wako una nguvu sawasawa na huyo mzee, awe ameshiba au ana njaa, awe amelipwa au anadai miezi mitatu.

Soja wa Westeros walikuwa Night's Watch, mbogi ya wanaume waliovaa nyeusi. Wakiapa, wameapa maisha: hakuna mke, hakuna mtoto, hakuna shamba. Kwa Ukuta mzima kulikuwa na ngome 19. Stori inapoanza, ni tatu tu zenye watu: Castle Black, Eastwatch na Shadow Tower. Zamani, kabla ya Targaryen kuja na majoka yao, kikosi kilikuwa na watu elfu kumi. Sasa hawafiki elfu moja.

Piga hesabu. Kilomita 480, watu chini ya 1,000. Hata ukiwapanga wote kwenye mstari, asilale mtu, asipike mtu, kila mmoja analinda karibu nusu kilomita peke yake gizani.

Na ni akina nani hao? Wezi walioambiwa wachague kati ya kukatwa mkono na kwenda Ukutani. Wabakaji. Wawindaji haramu walioua paa wa bwana mkubwa kwa sababu ya njaa. Samwell Tarly, kijana mnene anayependa vitabu, ambaye babake mzazi alimwambia aende Ukutani la sivyo atapata "ajali" ya kuwinda. Jon Snow, mtoto wa nje ya ndoa ambaye mezani hakuwa na kiti.

Zamani ilikuwa heshima kwenda kule. Sasa imekuwa jaa. Kila kitu ambacho familia haijui ikifanyie nini, kinatupwa kaskazini.

Sehemu hii inanigusa, sitakuficha. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili karo ilipokataa kutosha, na hakukosa mjomba wa kusema kwenye kikao, "Huyu apelekwe jeshi anyooshwe." Hakuniuliza kama nataka jeshi. Hakuwaza kama jeshi linanitaka. Alichotaka ni mahali pa kuniweka nisionekane. Nadhani unamjua mjomba wa aina hiyo. Westeros nzima ilikuwa na wajomba hao, na Ukuta ndio ulikuwa jibu lao.

Shida ni kwamba watu wale wale uliowatupa ndio unategemea wafe kwa ajili yako siku adui akija.

Na walijaribu kusema. Katika kitabu cha pili, wanamtuma Alliser Thorne hadi jiji kuu, King's Landing, na ushahidi mkononi kabisa: mkono wa maiti ambao ulikuwa bado unacheza. Tyrion, yule mtalii wetu, sasa ndiye mkubwa wa ofisi, na Thorne hampendi. Anamweka benchi. Njoo kesho. Njoo kesho kutwa. Siku mlango unafunguliwa, mkono umeshaoza ndani ya chupa, haucheki wala hauchezi, na Thorne anaonekana kichekesho. Anapewa ruhusa ya kujichukulia wafungwa, anarudi zake.

Kama umewahi kuzungushwa ofisi ya mtu kwa sababu ya karatasi moja, hapo unajua barafu ilianza kupasuka wapi. Barua zilitumwa kwa wafalme wote. Aliyekuja na jeshi ni mmoja tu, Stannis, ambaye hata ufalme wenyewe hakuwa ameupata.

Washenzi

Sasa twende ng'ambo. Kaskazini mwa Ukuta kuna watu. Watu kabisa, na watoto, na mbwa, na nyimbo. Wenyewe wanajiita Watu Huru. Wa kusini wanawaita wildlings, na neno la Kiswahili linalonijia ni washenzi.

Nalitumia kwa makusudi, kwa sababu kwetu neno hilo lina historia ya aina hiyo hiyo. Pwani ya zamani, mtu wa mji alikuwa muungwana. Mshenzi alikuwa mtu wa bara, yule asiyejua desturi za mji. Mababu wa wengi wetu tunaojiona wa mjini leo, sisi wa huku juu, tulikuwa tunahesabiwa humo. Haikuwa swala la akili wala roho ya mtu. Ni upande uliotoka.

Na Westeros ni hivyo hivyo. Watu Huru na watu wa Kaskazini mwa Westeros ni damu moja, wazao wa wale wale Watu wa Kwanza. Ygritte, yule msichana wa nywele nyekundu, anamwambia Jon waziwazi: nyinyi mlijenga ukuta tu mkasema huku ni kwenu. Babu yake na babu ya Jon huenda waliwinda pamoja. Mmoja akabaki upande huu, mwingine akabaki ule. Basi.

Sitakudanganya kwamba Watu Huru ni malaika. Walikuwa wakipanda Ukuta na kuvamia vijiji. Kuna kabila lao, katika tamthilia, linalokula watu. Yule mtoto Olly anaona wazazi wake wakiuawa mbele yake. Anayewachukia ana sababu, na sababu yenyewe ina majina ya watu waliokufa.

Lakini miaka 8,000 ilifanya kitu kibaya zaidi ya chuki: ilifanya watu wasahau swali. Ukuta ulijengwa kwa sababu ya wafu. Wafu walipotulia wakawa hadithi za bibi. Ukuta bado upo, soja bado wapo, na soja lazima amlinde mtu dhidi ya mtu. Wakaangalia ng'ambo, wakaona wanaotembea huko ni Watu Huru, wakasema: basi adui ndio hawa.

Halafu anakuja Mance Rayder na watu laki moja. Kila mtu kusini anadhani ni vita vya kuteka nchi. Castle Black ina watu kama mia hivi, nao wanapigana usiku kucha dhidi ya majitu na mamalia wakubwa kama ndovu wenye manyoya. Inaisha, Jon anaenda kwenye hema la Mance, na Mance anamwambia kitu kinachogeuza stori yote: hatukuja kuwateka. Tumekuja kujificha nyuma ya Ukuta wenu, kama nyinyi mnavyojificha.

Laki moja wanakimbia. Hakuna aliyekuwa amewauliza wanakimbia nini.

Hesabu ya wafu

Hapa ndipo Jon Snow, kijana ambaye kila mtu anamwambia hajui kitu, anapofanya hesabu ambayo wafalme wote walishindwa nayo.

Jeshi la wafu halizai. Haliandikishi vijana. Linapata askari kwa njia moja tu: mtu akifa ng'ambo, anaamka akiwa upande wao. Kwa hivyo kila mama, kila mtoto, kila mzee unayemfungia geti, hujamwondoa kwenye hesabu. Umemhamisha safu. Leo anakugongea akiomba kuingia, kesho atarudi akiwa na macho ya buluu, na hatagonga.

Msimu wa tano, mwaka 2015, tunaonyeshwa hesabu hiyo kwa macho pale Hardhome. Jon amekwenda na mashua kuwachukua Watu Huru. Maelfu hawajapanda bado wakati wafu wanashuka. Mashua zinaondoka. Night King anasimama kwenye gati, anamtazama Jon, ananyanyua mikono polepole, na kila aliyekufa ufuoni anafungua macho. Hakuna muziki. Ni maji tu na makasia. Niliitazama kwenye keja ya rafiki, tukiwa sita mbele ya laptopu moja, na hakuna aliyesema kitu hadi majina ya waigizaji yakaanza kupita.

Jon anarudi na wale aliowapata na kufungua geti la Castle Black wapite. Unajua kilichofuata. Walinzi wenzake wanamwita nje usiku, wanamdunga visu mmoja baada ya mwingine, na wa mwisho ni mtoto Olly. Kosa lake ni kwamba aliukumbuka Ukuta ulijengewa nini.

Ndio maana nasema ulianguka siku hiyo. Barafu ilikuwa bado imesimama, mita 213, haina hata nyufa. Lakini kazi yake ilikuwa kuwalinda walio hai, na waliokuwa juu yake walikuwa wamemuua mtu kwa kuwaingiza walio hai. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Hawa ukuta walikuwa nao tayari, mkubwa kuliko wote, wakadhani mwenye ukuta hana haja ya kuangalia nyufa.

Joka lilitoka wapi

Na lile joka sasa? Jiulize lilifikaje kule. Wafu hawakuwa na joka. Wangeweza kukaa mbele ya Ukuta ule miaka mingine 8,000, kwa sababu uchawi ulikuwa unawazuia.

Joka lilitoka kusini. Msimu wa saba, Jon na wenzake wanatumwa ng'ambo kukamata mfu mmoja, wamletee malkia Cersei kama ushahidi, kwa sababu bado, baada ya yote hayo, wenye mamlaka hawaamini. Wanazingirwa. Daenerys anaruka na majoka yake kuwaokoa. Night King anarusha mkuki wa barafu, Viserion anaanguka ziwani, anavutwa nje kwa minyororo, anafungua jicho, na ni la buluu.

Unaona mnyororo huo? Kama mkono wa Thorne ungesikilizwa ukiwa bado unacheza, ushahidi wa pili haungehitajika. Safari ile isingekuwepo. Joka lingebaki upande wetu. Chombo kilichovunja Ukuta kililetwa hadi mlangoni na watu wa ndani, wakijaribu kumshawishi mtu wa ndani mwenzao. Na Cersei, alipoonyeshwa yule mfu akimrukia, aliahidi jeshi kisha akakaa nalo nyumbani.

Picha za mwisho kabisa za tamthilia ni Jon akitoka kwenye geti la Castle Black kuelekea kaskazini, pamoja na Tormund na Watu Huru, wakirudi kwao. Wafu wameisha. Kwenye theluji kuna jani moja la kijani. Geti linafungwa nyuma yao, na kwa mara ya kwanza huoni nani yuko ndani na nani yuko nje.

Wapo watakaosoma hadi hapa na bado waseme ni joka. Sawa, njoo tubishane, niko tayari. Lakini kabla hujaanza, niambie kitu kimoja: yule soja wa geti lenu, anaitwa nani? Na mwezi uliopita, alilipwa?